Kuhifadhi na Kurejesha Hali ya Programu kati ya Kishikwambi na Seva: Mfano wa Sensa katika Wilaya ya Nyasa

Sensa ya Watu na Makazi ya tarehe 23 Agosti 2022 ilikuwa ya kwanza nchini Tanzania kukusanya taarifa kwa vishikwambi. Katika wilaya ya Nyasa, iliyomegwa kutoka Mbinga mwaka 2012, milima inateremka hadi karibu na ziwa, na karani hawezi kutegemea mtandao katika kila kaya.

Hali ya programu hapa ni majibu yaliyokwishajazwa pamoja na swali lililofikiwa. Yakibaki katika kumbukumbu ya muda, betri ikiisha hupotea, na mkuu wa kaya huulizwa upya. Hivyo kila jibu linapaswa kuandikwa papo hapo katika hifadhi ya kudumu ya kifaa.

Hilo ni jepesi. Ugumu upo katika kutuma. Seva yaweza kupokea dodoso, kisha mtandao ukakatika kabla uthibitisho haujakifikia kifaa. Kifaa kikituma tena, kaya moja ya Liuli yaweza kuhesabiwa mara mbili. Kikifuta nakala yake mapema pasipo uthibitisho, kaya hiyo yaweza kutoweka kabisa. Kwa sababu hiyo dodoso hupewa namba ya utambulisho ndani ya kifaa, kabla ya kutumwa. Seva ikikutana na namba inayoijua, haiongezi kaya bali hurudia uthibitisho wake.

Majibu yakisahihishwa baadaye, namba ya toleo ndiyo iamue lipi jipya, si saa ya kishikwambi, kwani saa hiyo yaweza kuwa imepotoka.