Biskuti Zilizookwa Mara Mbili



Juma lililopita binti yetu alikuja na karatasi aliyonakili mapishi ya biskuti za Kitaliana ziitwazo biscotti, zenye kakao na lozi. Bibi yake, aliyekuwa ameketi barazani, akaomba asomewe. Kisomo kilipofika pale pasemapo kuwa biskuti hizo huliwa kwa kuchovywa katika mvinyo, bibi akasema, "Karatasi hiyo itoke nyumbani mwangu." Akageuza uso. Binti akatutazama sisi.

Tukaona jambo hili lastahiki kuangaliwa kwa utulivu, kwani karatasi za namna hiyo huingia majumbani mwetu kila siku.

Jina biscotti lina maana ya kitu kilichopikwa mara mbili, na neno letu biskuti limetokana na shina lilo hilo. Katika mji wa Prato, jimbo la Toscana, mwokaji Antonio Mattei alifungua duka lake mwaka 1858, na biskuti zake za lozi zikavuma. Msingi wake ni unga, sukari, mayai na lozi. Mvinyo ni ada ya watu wa huko wakati wa kula. Haumo katika unga. Mapishi mengine hutia pombe ya lozi, na hiyo haina mjadala, huachwa. Iliyobakia ni vanila ya maji, ambayo aghalabu hutengenezwa kwa spiriti. Wanavyuoni wamekhitalifiana juu yake, lakini sisi hatukupenda kumlisha mzee kitu ambacho moyo wake unakitilia shaka. Tukaiondoa, tukatia iliki na ganda la chungwa lililoparwa.

Vipimo ni hivi: unga wa ngano gramu 250, kakao gramu 40, sukari gramu 180, mayai matatu, lozi nzima gramu 150, kijiko kimoja cha chai cha beking pauda na chembe ya chumvi. Siagi haimo, na kwa sababu hiyo biskuti hizi hukaa siku nyingi. Piga mayai na sukari, tia vikavu, kisha lozi. Unga utanata, lowesha mikono, ufinyange magogo mawili mapana kidogo. Oka kwa nyuzi 180 kwa dakika 25 hadi 30. Mwenye jiko la makaa apalie juu na chini kama aokavyo mkate wa mayai, moto wa chini ukiwa mdogo, maana kakao huungua upesi na weusi wake huficha kuungua huko.

Hapa ndipo tulipokosea. Kisu tulikishika sisi wenyewe, tukakata magogo yangali na moto, na safu nzima ikavunjika vipande. Binti alinyamaza kwa adabu. Gogo la pili alilikata yeye, baada ya kulingoja robo saa, kwa kisu cha mkate chenye meno, akikata kwa mshazari vipande vya unene wa kidole. Vikalazwa tena katika treya, nyuzi 150, dakika 10 kila upande. Moto huu wa pili ni wa kukausha, usiongezwe kwa haraka.

Zihifadhiwe ndani ya mkebe unaofungika barabara zikishapoa kabisa, kwani hewa yetu ya bahari huzilegeza. Zikilegea, zirudishwe motoni dakika chache. Lozi ni ghali. Njugu hufaa pia, ingawa ladha itakuwa nyingine.

Alasiri tulimpelekea bibi sahani, pamoja na kikombe cha kahawa ya tangawizi. Meno yake ni machache, na biskuti hizi ni ngumu. Akaichovya moja, akangoja kidogo, akala. Ya pili aliichukua bila kuuliza. Kisha akamwambia mjukuu wake ainakili upya ile karatasi, na mahali pa mvinyo aandike kahawa.