Rangi za Wanyama: Kujificha, Kuonya na Kuchumbia

Askari aendaye vitani huvaa sare ya mabaka. Polisi asimamaye njia panda usiku huvaa koti ling'aalo taa za gari zimulikapo. Siku ya gwaride wote wawili huvaa sare zilizopigwa pasi na viatu vinavyometameta. Wa kwanza hataki kuonekana. Wa pili hana budi aonekane. Na wa gwaride hupenda kutazamwa. Ndugu wasomaji, mambo hayo matatu wanyama waliyatangulia kuyafanya kabla ya binadamu kujua kushona nguo, na sisi tukaao Bujumbura, ukingoni mwa Ziwa Tanganyika, tunayo mifano yake mbele ya macho yetu.

KUJIFICHA

Tuanze na ndagala, ambaye ni nadra kumkosa mezani. Mgongo wake una weusi, ubavu wake ni wa fedha na tumbo lake ni jeupe. Adui amtazamaye kutoka juu huona mgongo uliofanana na giza la maji. Amtazamaye kutoka chini huona tumbo lililofanana na mwanga wa mbingu. Naye aliye ubavuni hudanganywa na magamba yaakisiyo mwanga kama kioo. Hata hivyo mukeke humla, kwa maana hakuna maficho yasiyo na mpelelezi wake.

Elimu hii imewafaa majeshi. Mwaka 1940 Mwingereza Hugh Cott, mtaalamu wa wanyama, alitoa kitabu kikubwa juu ya rangi za viumbe. Katika Vita Kuu ya Pili ya Dunia aliwafundisha askari wa nchi yake, huko Mashariki ya Kati, namna ya kuficha watu na zana. Fundisho lake lilikuwa wazi: kifichuacho kitu si rangi peke yake, bali ni umbo na kivuli chake. Mabaka ya chui hufaa kwa sababu huvunja umbo, jicho lisijue mnyama aanzia wapi na aishia wapi.

Ziwa letu lina na majasusi pia. Yuko samaki ambaye wataalamu humwita Plecodus straeleni, alaye magamba ya samaki wenzake. Yeye amevaa mistari ya samaki wengine wasio na tabia hiyo, na kwa sare hiyo ya kuazima huweza kuwakaribia anaotaka kuwashambulia.

KUONYA

Kuna wanyama ambao usalama wao umo katika kujionyesha. Kicheche, mwenye milia myeupe na myeusi, hana haja ya kukimbia kwa hofu: amchokozaye hurushiwa maji ya uvundo usiosahaulika. Vivyo hivyo kipepeo wa rangi ya chungwa mwenye ncha nyeusi na nyeupe, ambaye jina lake la kitaalamu ni Danaus chrysippus, huruka polepole mchana kweupe. Alipokuwa kiwavi alikula mimea yenye utomvu mweupe, na sumu yake ikabaki mwilini. Ndege amlaye hutapika, na tangu siku hiyo huikumbuka rangi ile.

Lakini yuko kipepeo mwingine, Hypolimnas misippus, asiye na sumu hiyo. Jike lake huiga sare ya yule wa kwanza, ilhali dume lake ni jeusi lenye madoa meupe. Hapa pana fundisho ambalo kila polisi atalielewa. Sare ya onyo huheshimiwa kwa kuwa nyuma yake mna nguvu ya kweli. Waigaji wakizidi, ndege hugundua kwamba wengi wanalika, na onyo hupungua heshima hata kwa mwenye haki ya kulivaa.

KUCHUMBIA

Kazi ya tatu ya rangi ni kumwita mwenzi, nayo ina hatari yake, kwani rangi impendezayo jike humwonyesha dume kwa adui pia. Ndege aitwaye kweche ameitatua shida hiyo kwa busara. Nje ya majira ya kuzaana dume huwa la hudhurungi kama jike. Majira yakifika huvaa nyekundu na nyeusi, na yakiisha hurudia sare yake ya kazi.

Samaki ndio waliotuachia ushahidi mzito zaidi. Huko Ziwa Victoria, katika ghuba ya Mwanza, wapo furu wawili walio ndugu wa karibu. Mmoja huitwa Pundamilia nyererei, kwa heshima ya Mwalimu Julius Nyerere, na dume lake lina mgongo mwekundu. Wa pili huitwa Pundamilia pundamilia, na dume lake lina rangi ya buluu. Majike yao yamefifia rangi na yanafanana sana. Kila jike humtambua dume la aina yake kwa rangi.

Mwaka 1997 Ole Seehausen na wenzake walieleza yaliyotokea maji yalipochafuka. Katika maji maangavu aina hizo mbili zilibaki mbali mbali. Katika maji ya tope rangi zilififia na mipaka baina ya aina ikavunjika. Majike yalipowekwa chini ya taa ya rangi ya chungwa, hayakuweza tena kuchagua. Sangara, aliyeingizwa ziwani humo katika miaka ya 1950, aliwaangamiza furu wengi kwa kuwala. Tope nalo liliwaangamiza bila kuwagusa, kwa kuwanyang'anya mwanga.

ONYO KWETU SISI

Ziwa Tanganyika lina aina zaidi ya 200 za samaki wa jamii hiyo ya furu, na karibu zote hazipatikani penginepo duniani. Tropheus, samaki mdogo wa kwenye mawe, ana rangi nyingine kila sehemu ya ufuko: huku mweusi, kule mwekundu, kwingine wa manjano. Lakini mvua inyeshapo, Ntahangwa, Muha na Kanyosha huteremka na udongo wa milima. Mwaka 1993 Andrew Cohen na wenzake walionyesha kwamba sehemu za ziwa hili zipokeazo udongo mwingi zina aina chache za samaki kuliko sehemu zisizochafuliwa. Tope hufunika mawe wanamolisha na kuzalia, na huzuia mwanga.

Nchi nne zenye ziwa hili zilitia sahihi mkataba wa kulilinda mwaka 2003. Mkataba ni jambo jema, lakini udongo hauzuiliwi kwa karatasi; huzuiliwa kwa miti na mitaro mlimani. Askari anajua kwamba ishara isiyoonekana haina amri. Samaki naye ana ishara zake, na anachohitaji kwetu ni maji maangavu ya kuzionyeshea.