John Motson, Mwepu Ilunga na sekunde chache za 1974

Bakamarade, kila mara tukikaa mbele ya tele kuangalia mpira, kuko mmoja kati yetu anayesema: miye nikimaliza masomo, nitakuwa mwandishi wa habari za michezo. Ni kazi nzuri. Leo nataka kueleza maisha ya mtu aliyeifanya kwa uhodari mkubwa, na namna neno lake moja lilivyomwangukia mtoto wa Lubumbashi.

Ni John Motson, Mwingereza aliyezaliwa 1945, baba yake mchungaji wa Kimethodisti. Hakuanzia juu. Alianza mu gazeti dogo la Barnet, akaenda Sheffield, akaingia radio ya BBC, na 1971 njo tele. Februari 1972 wakamtuma ku mechi ya Hereford na Newcastle, mechi waliyofikiri itapewa paka dakika chache mu kipindi. Timu ndogo ya Hereford ikashinda 2-1, na kesho yake Uingereza nzima ilijua sauti ya Motson. Akaendelea mpaka 2018, Kombe la Dunia 10. Alijulikana kwa matayarisho yake: kabla ya mechi, makaratasi yamejaa majina, miaka, hesabu.

Sasa tuende Ujerumani Magharibi, 22 Juni 1974, mji wa Gelsenkirchen. Zaire inacheza na Brazil. Zaire ni bingwa wa Afrika wa mwaka ule ule, lakini imekwisha kupigwa 2-0 na Scotland, na 9-0 na Yugoslavia. Mechi inaelekea mwisho, Brazil wanapata coup franc. Filimbi inalia, wao wanajipanga. Mara namba 2 wa Zaire anatoka mu ukuta, anakimbia, anapiga mpira mbali kabisa. Kadi ya njano. Namba 2 njo Mwepu Ilunga, mlinzi wa Englebert, ile tunayoita leo TP Mazembe.

Motson, mu mikro ya BBC, akasema ni kituko cha ujinga wa Kiafrika.

Niseme ukweli: ile video, mara ya kwanza miye pia nilicheka. Sikujua kama ni wa kwetu.

Lakini fikirini kidogo. Bingwa wa Afrika asijue sheria ya coup franc? Wachezaji walikuwa hawajapata feza walizoahidiwa. Mwepu alieleza nyuma kwamba alifanya makusudi: alitaka mwamuzi amtoe, juu hakuona sababu ya kuumia wakati wengine wanakula feza. Siku ingine alieleza habari ya woga: watu wa Mobutu walikuja kuwaambia kwamba wakifungwa 4-0, hakuna atakayerudi nyumbani. Maelezo mawili hayafanani kabisa, na mwandishi mzuri angeyaandika yote mawili bila kuchagua lile linalomfurahisha. Mechi iliisha 3-0.

Motson hakuwa mvivu. Hilo njo linanisumbua. Makaratasi yake yalikuwa na majina, lakini hayakuwa na yale yaliyosemwa ku hoteli ya wachezaji. Mu agronomi tunafundishwa hivi: ukiona jani la mahindi limekuwa njano, usiseme haraka ni ugonjwa. Inaweza kuwa azoti imekosekana, inaweza kuwa maji yamejaa ku mizizi. Unang'oa mmea, unaangalia chini. Mtangazaji hana wakati wa kung'oa, kweli, ana sekunde mbili. Basi aseme kile macho yameona: namba 2 amepiga mpira usio wake. Ujinga hauonekani kwa macho. Na "wa Kiafrika" hakuna aliyemuomba aongeze.

Tena, nyuma ya mechi, miaka ilipita, dunia inacheka, video inazunguka. Waandishi waliomfuata Mwepu kumuuliza walikuja wamechelewa sana. Na shiye, mu Lubumbashi yetu, ni wangapi walimfuata?

Mwepu alikufa Mei 2015, Motson Februari 2023. Lakini bapapa waliomuona Mwepu akicheza na Englebert bado wako, wamezeeka, na jioni wanazungumza mpira mbele ya nyumba. Wewe unayetaka kazi hii, beba daftari uende kukaa nao kabla ya mwaka kuisha. Uanze na jina lao, mwaka wa kuzaliwa, na siku ya kwanza walipoingia ku stadi.