Sayari ya Utaridi ilivyofichua kasoro katika mizani ya Newton

ALFAJIRI katika mashamba ya majani chai ya Kericho na Bomet, wachumaji wanapoelekea kazini huku ukungu ukiwa bado umelala mabondeni, mara nyingine huonekana upande wa mashariki nukta ndogo ya nuru, karibu na mahali ambapo Jua litachomoza. Wengi huidhania kuwa nyota ya kawaida.

Huenda nukta hiyo ikawa Utaridi, sayari iliyo karibu zaidi na Jua kuliko nyingine zote. Ndiyo iliyowafunulia wanasayansi kwamba kanuni za mvutano za Isaac Newton, zilizoaminiwa kwa zaidi ya miaka 200, hazikuwa kamili.

Wakazi wa nyanda hizi wamejaliwa nafasi njema ya kuiona. Mji wa Kericho uko chini ya nusu digrii kusini mwa Ikweta, na Bomet haifiki digrii moja. Katika maeneo haya Jua na sayari huchomoza karibu wima, hivyo Utaridi huwahi kupanda juu ya upeo wa macho kabla mwanga wa Jua haujaifuta. Huko kaskazini mwa Ulaya, katika misimu mingi, njia ya sayari huinama sana na Utaridi humezwa na wekundu wa mapambazuko.

Sayari hii huonekana alfajiri mara tatu hivi kwa mwaka, kwa takriban majuma mawili kila mara, na pia jioni baada ya machweo. Lakini kwa kuwa mvua za Kericho hupenda kunyesha alasiri, mtazamaji wa alfajiri ana matumaini zaidi.

Hesabu isiyotimia

Ili kuelewa jinsi Utaridi ilivyowatatiza wataalamu, tumwazie mkulima mdogo anayepima majani yake nyumbani kabla ya kuyapeleka katika kituo cha kununulia. Kila siku anaona upungufu. Anakumbuka kwamba majani hupoteza maji njiani, na kwamba uzito wa gunia huondolewa. Anayatoa hayo yote katika hesabu, na bado inabaki tofauti ndogo, siku zote ile ile na upande ule ule.

Tofauti ya namna hiyo haiwezi kuitwa bahati mbaya. Ama kuna mkono usioonekana unaochukua majani, au mizani yenyewe ina kasoro.

Hivyo ndivyo ilivyokuwa kwa Utaridi. Sayari hii hulizunguka Jua kwa siku 88, katika njia ya duaradufu inayoifikisha umbali wa kilomita milioni 46 ikiwa karibu, na kilomita milioni 70 ikiwa mbali. Kwa mujibu wa Newton, laiti Utaridi ingekuwa peke yake na Jua, duaradufu hiyo ingebaki mahali pamoja daima. Kwa kuwa sayari nyingine nazo huivuta, duaradufu yenyewe hugeuka polepole, na nukta iliyo karibu zaidi na Jua husogea mbele kila mzunguko.

Msogeo huo ni mdogo mno. Wanafalaki huigawa digrii moja katika sehemu 3,600 zinazoitwa sekunde za pembe. Kwa miaka 100, nukta hiyo ya Utaridi husogea takriban sekunde 574 za pembe. Mvuto wa sayari nyingine zote ukijumlishwa hutoa takriban 531. Zinabaki 43 zisizo na maelezo.

Aliyegundua upungufu huo ni Mfaransa Urbain Le Verrier. Mwaka 1859 alitangaza matokeo ya kuchunguza kumbukumbu za nyakati Utaridi ilipopita mbele ya uso wa Jua, kuanzia mwaka 1697 hadi 1848. Yeye alipata ziada ya sekunde 38. Mwaka 1882 mwanafalaki wa Marekani, Simon Newcomb, aliirekebisha kuwa 43.

Kwa mwendo huo, ziada hiyo ingehitaji zaidi ya miaka 8,300 ili kutimiza digrii moja tu. Wengine wangeipuuza. Le Verrier hakuipuuza.

Mwizi asiyeonekana

Mwanzoni alifikiri kwamba kulikuwa na mkono usioonekana. Alikuwa na sababu nzuri, kwani mwaka 1846, kutokana na kasoro ndogo katika mwendo wa sayari ya Uranus, alikokotoa mahali ilipopaswa kuwapo sayari nyingine isiyojulikana. Wanafalaki wa Berlin walielekeza darubini huko na kuiona Neptuni usiku ule ule walioanza kuitafuta.

Basi akadai kwamba karibu na Jua, ndani ya njia ya Utaridi, kulikuwa na sayari nyingine, ambayo ilipewa jina la Vulcan. Kwa miongo kadhaa watu waliitafuta, hasa wakati wa kupatwa kwa Jua. Haikupatikana, kwa sababu haipo.

Ilibaki shaka ya pili, kwamba mizani ndiyo yenye kasoro. Mwezi Novemba 1915 Albert Einstein, akiwa Berlin, alitumia nadharia yake mpya ya uhusianifu wa jumla kukokotoa mwendo wa Utaridi. Bila kuongeza sayari yoyote ya kubuni, alipata zile zile sekunde 43.

Njia inayopindwa na kilima

Einstein alisema nini? Kwa maelezo ya Newton, Jua huivuta sayari kwa nguvu inayovuka anga tupu. Kwa maelezo ya Einstein, kila kitu chenye uzito hupinda anga na wakati vinavyokizunguka, na sayari hufuata njia iliyonyooka kadiri inavyowezekana katika mahali palipopindwa.

Mtu anayetembea kati ya safu za chai zilizopandwa kwa kufuata umbo la kilima anaweza kulielewa jambo hili. Kwa macho yake anakwenda mbele tu, hageuki kulia wala kushoto. Hata hivyo, baada ya muda anajikuta upande wa pili wa kilima. Hakuna aliyemvuta kwa kamba. Umbo la ardhi ndilo lililomzungusha.

Mbali na Jua, mpindo huo ni hafifu na hesabu ya Newton hutosha. Karibu na Jua mpindo ni mkubwa zaidi, na ndiyo maana Utaridi ndiyo iliyotoa ushahidi kabla ya sayari nyingine.

Wakati nao hupindika. Saa iliyo mahali pa juu huenda kasi kidogo kuliko iliyo mahali pa chini. Mji wa Kericho uko takriban mita 2,000 juu ya usawa wa bahari. Kwa hesabu ya Einstein, saa iliyo Kericho huitangulia iliyo ufuoni Mombasa kwa mikrosekunde 7 hivi kila mwaka, mikrosekunde moja ikiwa sehemu moja ya milioni ya sekunde. Mzee aliyeishi Kericho miaka 60 amempita mwenzake wa Mombasa kwa chini ya nusu ya elfu moja ya sekunde.

Tofauti hiyo haimnyimi mtu usingizi, lakini katika setilaiti huwa kubwa. Setilaiti za mfumo wa GPS, unaotumiwa na simu zetu, madereva wa malori na wapimaji wa ardhi, huizunguka Dunia umbali wa kilomita 20,200 hivi kutoka ardhini. Huko juu saa hupata ziada ya mikrosekunde 45 kwa siku kutokana na udhaifu wa mvutano, na hupoteza 7 kutokana na mwendo wa kasi. Inabaki ziada ya 38.

Mawimbi ya redio husafiri takriban kilomita 300,000 kwa sekunde. Kwa hiyo, ziada hiyo isiporekebishwa, kipimo cha umbali kutoka kwa setilaiti kingepotoka kwa kilomita 11 hivi kila siku. Mpaka wa shamba la ekari moja ungepimwaje kwa chombo cha namna hiyo?

Kenya nayo ilishiriki

Isidhaniwe kwamba elimu hii ni ya nchi za mbali pekee. Tarehe 12 Desemba 1970, Kenya ilipokuwa ikiadhimisha miaka saba ya Uhuru, setilaiti ilirushwa kutoka jukwaa la San Marco, lililojengwa na Waitaliano baharini karibu na Malindi. Ilipewa jina la Uhuru kwa heshima ya wenyeji wake. Ilikuwa setilaiti ya kwanza iliyotengwa kwa ajili ya kuchunguza miale ya eksirei kutoka angani.

Uchunguzi wake ulisaidia kukitambua kitu kiitwacho Cygnus X-1. Hapo nyota kubwa huzunguka kila baada ya siku 5.6 pamoja na mwenzake asiyeonekana, ambaye uzito wake, kwa vipimo vilivyotangazwa mwaka 2021, ni takriban mara 21 ya ule wa Jua. Mwenzake huyo ni shimo jeusi, yaani mahali ambapo mpindo ni mkali kiasi kwamba hata nuru haitoki.

Mifano mingine imefuata. Mwaka 1974 Russell Hulse na Joseph Taylor wa Marekani waligundua nyota mbili ndogo, nzito mno, zinazozungukana kwa chini ya saa nane. Njia yao hugeuka zaidi ya digrii 4 kwa mwaka, jambo ambalo kwa ziada ya Utaridi lingechukua zaidi ya miaka 30,000. Mwaka 2020 wanasayansi walitangaza kwamba nyota iitwayo S2, inayolizunguka shimo jeusi lililo katikati ya galaksi yetu kwa miaka 16, nayo hugeuza njia yake kama Einstein alivyotabiri. Kitovu hicho cha galaksi kiko katika kundinyota la Mshale, linaloonekana vizuri kutoka Bomet usiku wa Julai na Agosti, upande wa kusini.

Tarehe ya kusubiri

Wanafunzi wa Kericho na Bomet watapata nafasi ya kuyaona wenyewe yale yaliyompa Le Verrier hesabu yake. Tarehe 13 Novemba 2032, kuanzia saa 3:41 hivi asubuhi hadi saa 8:07 hivi mchana, Utaridi itapita mbele ya uso wa Jua, na Kenya yote itakuwa katika mwanga wa mchana.

Ni mwiko kulitazama Jua kwa macho matupu au kwa darubini isiyo na kichujio maalumu, kwa maana macho huharibika kabisa. Njia salama ni kuielekeza darubini ndogo kwa Jua bila kuchungulia ndani yake, na kuiacha taswira iangukie karatasi nyeupe nyuma yake. Mawingu yakiruhusu, nukta nyeusi itaonekana ikitambaa juu ya duara la Jua.

Mwalimu mwenye saa nzuri anaweza kuwaagiza wanafunzi waandike dakika na sekunde nukta hiyo inapoingia na inapotoka. Kumbukumbu za namna hiyo, zilizowekwa kwa uaminifu na watu wa vizazi kadhaa, ndizo zilizoonyesha kwamba mizani ya Newton ilihitaji kurekebishwa.