Skonzi za Zabibu: Mkate wa Mikono Myepesi

Skonzi ya zabibu ni mkate mdogo wa mviringo wenye asili ya Uskoti, ulioenea Uingereza nzima na kuwa kitafunwa cha chai ya alasiri. Hutofautiana na skonzi laini zinazouzwa katika maduka ya mikate ya Dar es Salaam na Nairobi kwa kuwa hizo huumuliwa kwa hamira na kukandwa, ilhali skonzi ya Kiskoti haihitaji hamira na huharibika kabisa ikikandwa. Mpishi aliyezoea kukanda unga wa chapati hadi ulainike hana budi, kwa mkate huu, kuizuia mikono yake.

Mshairi Mskoti Gavin Douglas aliitaja skonzi katika tafsiri yake ya utenzi wa Virgil, Aeneid, aliyoikamilisha mwaka 1513. Skonzi za kale zilikuwa bapa, mara nyingi za shayiri au oti, na zilichomwa juu ya bamba la chuma lililotiwa moto. Kimo cha skonzi ya leo kimetokana na kemia ya karne ya 19. Mwaka 1843 Alfred Bird, mkemia wa Birmingham, alitengeneza bekingi pauda kwa ajili ya mkewe, ambaye hakuweza kula vyakula vya hamira, na mwaka 1845 Henry Jones wa Bristol akapata hataza ya unga wa ngano unaoumuka wenyewe, yaani uliokwisha kuchanganywa na viumuo.

Bekingi pauda ni mchanganyiko wa bikaboneti ya sodiamu na asidi kavu, ambavyo vikilowa hutoa gesi ya kaboni dioksidi, na viputo vya gesi hiyo ndivyo vinavyouinua mkate. Kwa kuwa gesi huanza kutoka mara maziwa yanapomiminwa, tanuri sharti liwe limekwisha kupata joto la nyuzi 220 za Selsiasi kabla ya unga kuloweshwa, kwani donge likicheleweshwa mezani hupoteza sehemu ya nguvu zake.

Kwa skonzi nane hivi hutosha gramu 225 za unga unaoumuka wenyewe, gramu 50 za siagi, gramu 25 za sukari, gramu 75 za zabibu kavu, chumvi kidogo na mililita 150 za maziwa. Asiyekuwa na unga huo atumie unga wa kawaida na vijiko vitatu vya chai vya bekingi pauda. Siagi lazima iwe baridi, jambo linalotaka uangalifu mkubwa katika joto la pwani, ambako inafaa ikatwe vipande na kurudishwa kwenye jokofu hadi dakika ya kuhitajiwa. Husuguliwa ndani ya unga kwa ncha za vidole, kwa sababu viganja vina joto, mpaka mchanganyiko uwe chengachenga. Mafuta hayo huzifunika chembe za unga na kupunguza uwezo wa protini zake kufungamana kuwa glutini, nyuzi zinazoiwezesha chapati kusukumwa bila kuchanika lakini zinazoifanya skonzi kuwa ngumu.

Sukari, chumvi na zabibu zikishaingia, maziwa humiminwa na kuchanganywa kwa kisu butu hadi unga ushikane tu, hata kama donge linanata na halipendezi macho. Donge hubonyezwa kwa kiganja kilichopakwa unga, libaki na unene wa sentimita mbili na nusu, na wengi hukosea hapa kwa kulisukuma jembamba mno. Kikatio chenye makali kishuke wima bila kuzungushwa, kwani kukizungusha huziba kingo na skonzi hupanda upande. Zabibu zinazochomoza juu zizamishwe ndani, la sivyo zitaungua na kuwa chungu.

Skonzi huiva kwa dakika 12 hadi 15 na huliwa siku hiyohiyo, kwa kuwa hukauka upesi. Huliwa kwa jamu na malai mazito, ambapo watu wa Devon hutanguliza malai na wa Cornwall hutanguliza jamu. Asiyekuwa na tanuri anaweza kufuata njia ya kale ya Uskoti, akalipunguza donge hadi unene wa sentimita moja na nusu na kulichoma juu ya chuma kizito cha chapati, kwa moto mdogo, akiligeuza mara moja tu.