Mlinda Lango wa Slovakia

Mwezi Februari 2010, katika Olimpiki ya Vancouver, wanawake wa Slovakia walifungwa na Kanada mabao 18 kwa 0 katika mpira wa magongo ya barafuni. Ajabu ni kuwa mwaka 2008, wakiwania nafasi hiyo hiyo, wao waliifunga Bulgaria 82 kwa 0! Langoni alisimama Zuzana Tomčíková, mzaliwa wa Bratislava na mwanafunzi wa chuo kikuu huko Bemidji, Marekani. Wengi wetu tungalilitupa gongo siku ile. Yeye alirudi langoni. Mwaka 2011, katika mashindano ya dunia nchini Uswisi, Slovakia ilikuwa ya 7 kati ya timu 8, walakini tuzo ya mchezaji bora haikwenda kwa mabingwa Wamarekani. Alipewa Zuzana.