Kisima kikiwa mbali, tumdai nani?

Mara nyingi katika ukurasa huu tumewahimiza akina mama kuchemsha maji ya kunywa. Hatuyafuti hayo. Lakini lipo jambo moja ambalo mama halimalizi kwa kuni na sufuria, nalo ni umbali wa kisima.

Mwaka 1997 kipindupindu kiliingia Ifakara. Watafiti waliwalinganisha wagonjwa 180 wa kwanza na watu 360 ambao hawakuugua, wakaona kwamba walioponzeka zaidi ni waliooga mtoni, waliokula samaki wakavu, na waliokaa mbali na mahali pa kuteka maji. Vijidudu vyenyewe vilikutwa hata katika chanzo kikuu cha maji cha mji.

Hilo la umbali halitushangazi. Anayetembea mbali hurudi na ndoo moja. Ndoo hiyo huishia kwenye chungu, na mikono ya watoto hainawiwi. Au anachoka, anashuka mtoni. Sisi wa Lumemo tunaujua mto wetu: masika ukifurika hupita vyooni kwanza, kisha huingia visima vifupi.

Kuleta maji karibu ni kazi ya nani? Sera ya Taifa ya Maji ya mwaka 2002 iliweka kipimo cha vijijini: lita 25 kwa kila mtu kwa siku, zipatikane ndani ya mita 400, na kituo kimoja kihudumie watu 250. Mita 400 ni kama hatua 600 za mtu mzima. Jaribu kuzihesabu kutoka mlangoni kwako.

Zamani kwa maji ya kijijini tulikwenda halmashauri, na wengi wetu bado tunakwenda huko. Sheria ya Huduma za Maji na Usafi wa Mazingira, Namba 5 ya mwaka 2019, ilihamisha mzigo huo: vijijini ukapewa wakala unaoitwa RUWASA, wenye ofisi wilayani, mijini mwenye wajibu ni mamlaka ya maji. Halmashauri haikuachiwa huru, kwani bado inatunga sheria ndogo na kusimamia usafi. Ila barua ikipelekwa mlango usio wake hulala mezani, na tumeona zikilala miaka.

Kata ya Lumemo imo katika Halmashauri ya Mji wa Ifakara, lakini maisha ya wengi wetu ni ya shamba. Kwa hiyo swali la kwanza mkutanoni liwe hili: mtaa au kijiji chetu kinahudumiwa na mamlaka ya mji, au na RUWASA? Jibu liandikwe katika muhtasari, na barua ya kuomba kisima ifuate mlango huo huo. Wateja wa mamlaka ya mji wasiposikilizwa wanaweza kupeleka malalamiko EWURA.

Wakati barua inangoja jibu, maji ya matope yaachwe yatulie, yachujwe kwa kitambaa safi, yachemke kwa nguvu dakika nzima, yapoe yakiwa yamefunikwa. Kata ya kuchotea iwe na mpini mrefu, vidole visiguse maji.